Kuanika bila kuanua: aibu kama adhabu jijini Nairobi

Katika ploti nyingi za Nairobi, yaani majengo ya nyumba za kupanga, kodi hulipwa kufikia tarehe 5. Ikifika tarehe 10 hivi, karatasi huonekana getini. Huwa ni A4, imetiwa kwenye mfuko wa plastiki isilowe, ikabandikwa kwa selotepu ya kahawia kwenye kimo cha macho, pale pale soja anapomsimamisha mgeni aandike jina kitabuni. Ina safu tatu: nambari ya nyumba, jina, pesa. Wakati mwingine safu ya nne huongezwa kwa kalamu nyekundu, nayo huhesabu miezi. Karatasi hiyo haimwambii mdaiwa lolote jipya. Deni lake analijua hadi shilingi ya mwisho, na simu za mwenye ploti ameshazipokea na nyingine ameziacha zilie. Wanaosomeshwa ni mama mboga anayemkopesha nyanya, mwalimu wa watoto wake anayeishi ghorofa ya pili, na shemeji aliyekuja kutembea Jumapili.

Hiyo ni adhabu, hata kama aliyeibandika ataiita tangazo. Ina kosa, ina mkosaji, na ina maumivu yaliyokusudiwa. Haina mwamuzi, wala haina siku ya kwisha. Kifungu cha 24 cha Kanuni ya Adhabu ya Kenya kinataja adhabu ambazo mahakama inaweza kutoa: kifo, kifungo, faini, kutaifisha mali, kulipa fidia, kuweka dhamana ya kudumisha amani, huduma kwa jamii. Viboko vilikuwamo mpaka vikafutwa mwaka 2003. Kuaibishwa hakumo katika orodha hiyo, lakini nje ya mahakama hakujawahi kukosa wateja.

Anayetaka kujua adhabu hii inavyofanya kazi na aanze na vitenzi vyake. Kinachotumika zaidi siku hizi ni kuanika. Nguo huanikwa, mahindi huanikwa, omena huanikwa. Kila kinachoanikwa kina saa yake ya kuanuliwa: jua likizama, au wingu likitanda na mtu akapiga kelele kutoka chini, "Anueni nguo!" Kiswahili kimeviumba vitenzi hivi kwa jozi: kufunga na kufungua, kukunja na kukunjua, kuziba na kuzibua, kuanika na kuanua. Ila kuanika kukihamishwa kutoka kwenye kamba ya nguo hadi kwa mwanadamu, mwenzake huachwa nyuma. Kila wiki fulani "ameanikwa". Kichwa cha habari kinachosema fulani "ameanuliwa" hakuna.

Kuumbua ni kikali zaidi, na ukali wake umejificha kwenye mnyumbuliko. Shina ni lile la umbo, kiumbe na Muumba, na ile -u- iliyopachikwa katikati ndiyo ile ile ya kufungua na kukunjua: hutendua kilichotendwa. Kumuumbua mtu, ukilifuata neno hatua kwa hatua, ni kumtoa katika umbo alilopewa. Watumiaji wengi hawalifikirii hivyo, kama vile hatufikirii jua tunaposema mtu kaanikwa, lakini lugha imeweka kumbukumbu. Sheng nayo ina kuchoma picha, yaani kuharibu sura ambayo watu walikuwa nayo kukuhusu, na mwenye kukuharibia "amekuchomea". Kunyoroshwa ni jamaa wa karibu. Hapo adhabu inajitetea, kwa kuwa kinachonyoroshwa kilikuwa kimepinda.

Kisha kuna ujanja wa kauli. Ukisema fulani ameaibishwa, msikilizaji ana haki ya kuuliza: na nani? Ukisema ameaibika, swali hilo halina mlango wa kuingilia. Ni kama kiti kimevunjika na hakuna aliyekikalia. Tazama vichwa vya habari vya udaku: aumbuka, afedheheka, aaibika. Karibu vyote viko katika kauli ya kutendeka, na karibu kila kimoja kina mtu nyuma yake aliyeshika simu akirekodi. Hata hivyo, gazeti la Taifa Leo lina mila moja inayostahili sifa kuliko inazopewa. Katika dondoo zake za vituko vya mitaani, mtaa hutajwa lakini mhusika huitwa polo, kalameni, jombi au kipusa. Kisa kinasomwa, watu wanacheka, tendo linalaaniwa, na mwenye kisa anaamka kesho yake akaenda kazini. Ni ustadi wa zamani, na haumgharimu mhariri chochote ila jina moja.

Tofauti iliyo muhimu zaidi ni ile iliyopo kati ya maneno ya ndani na maneno ya nje. Haya na soni huonwa na mwenyewe: mtu huona haya, huona soni. Fedheha hakuna anayeiona kwa namna hiyo. Humpata, au hufedheheshwa. Aibu imesimama mlangoni, mguu mmoja ndani na mmoja nje, kwa kuwa mtu huona aibu na pia hutiwa aibu. Haya, aibu na fedheha tumezipata kutoka Kiarabu. Soni ni ya Kibantu, na jirani zetu wanayo: thoni kwa Wagikuyu, nthoni kwa Wakamba, ensonyi kwa Waganda. Kwa Wakamba nthoni ni pia ile heshima ya kujitenga kati ya mkwe na mkwe, na kwa Wagikuyu athoni ni wakwe, kwa hiyo kila Muthoni wa Nairobi anabeba jina hilo bila kuona ajabu. Wazo la asili, basi, ni uzio unaowekwa mapema ili mambo yasiharibike. Lile la kurushiana matope mambo yakishaharibika lina jina jingine.

Hapa ndipo adhabu ya aibu inapojikwaa kwanza. Inamwumiza mwenye haya na kumpita asiye nayo. Mwenye uso mkavu, ambaye pengine ndiye aliyekusudiwa, hupita getini akisoma jina lake kama anayesoma tangazo la kukatika kwa maji. Yule mama aliyechelewa siku sita kwa sababu mwajiri wake amechelewesha mshahara ndiye anayeanza kurudi nyumbani saa nne usiku asikutane na mtu ngazini. Faini ya Sh5,000 ni Sh5,000 kwa wote wawili, na hakimu anaweza kuipima. Aibu ina vipimo viwili, na kila aliyeadhibiwa anakuja na chake.

Watetezi wa aibu husema jamii zetu zilikuwa nayo tangu zamani, na ni kweli. Lakini wanaosema hivyo wangeitazama kwa makini walau namna moja ya zamani. Pwani na visiwani ipo desturi ya kusutana, hasa baina ya wanawake. Kinachosutwa ni uongo au uchongezi: mtu kasema neno, neno limezunguka, limemfikia mwenyewe. Kabla ya suto huja kazi ya upelelezi. Nani alisema, alimwambia nani, siku gani, nani mwingine alikuwepo. Mashahidi hupatikana na kuombwa waje. Siku ikifika, mara nyingi alasiri, aliyesingiziwa huenda na ndugu na mashoga zake, pengine wamevaa leso sare, pengine wana ngoma, mpaka mlangoni kwa mtuhumiwa. Anaitwa nje. Shahidi anarudia maneno mbele ya macho yake. Anapewa nafasi: akubali, akane, au anyamaze, na kunyamaza kunahesabiwa. Vigelegele, nyimbo, vijembe, kisha watu wanafunga leso zao na kuondoka.

Mambo manne yako pale na hayako kwenye simu. Msutaji anajulikana, maana amekuja kwa miguu yake. Ushahidi hutangulia, na asiye na shahidi anajua kwamba suto litamgeukia yeye. Msutwa yupo na ana mdomo. Na jua linapotua, shughuli imekwisha. Wiki ijayo wote watakutana msibani au kisimani. Sisemi suto ni upole. Kuna waliohama mtaa kwa ajili yake, na kuna lililofanywa kwa wivu mtupu. Lakini lina umbo la kesi, na mtaa ambao haukusikia ngoma haukuadhibu.

Ulaya nayo ilikuwa na kifaa chake rasmi. Wasomaji wa Biblia wanakijua kidogo kwa jina la mkatale, ule walioufungiwa miguu Paulo na Sila katika Matendo 16. Uingereza ilikuwa na mwingine wa kusimama: fremu ya mbao juu ya jukwaa sokoni, yenye matundu ya kichwa na mikono. Hakimu alipanga siku na muda, lakini uzito wa adhabu aliuachia umati. Mtu mmoja alipigwa mawe mpaka akafa. Mwandishi Daniel Defoe, aliyesimamishwa siku 3 London mwezi Julai 1703 kwa kijitabu chake, inasimuliwa kwamba alirushiwa maua. Kasoro hiyo ndiyo iliyokiua kifaa. Sheria haiwezi kujua imetoa adhabu gani ikiwa kipimo kiko mikononi mwa wapita njia. Uingereza ilikifuta mwaka 1837. Delaware, jimbo la Marekani, ilikishikilia mpaka 1905. Hata hivyo wazo halikufa. Mwaka 2004 mahakama ya rufaa ya Marekani iliruhusu mwizi wa barua asimamishwe nje ya posta ya San Francisco akiwa na bango la kutangaza kosa lake. Lakini hata hapo iliandikwa saa ngapi: 8.

Nairobi yenyewe ilipokuwa bado kituo cha reli chenye vumbi ilionja aibu ya hadharani kutoka kwa waliojiita wastaarabu. Tarehe 14 Machi 1907, Ewart Grogan, kiongozi wa chama cha walowezi, aliwaleta Wakikuyu watatu waliokuwa wakivuta gari la mikono mbele ya jengo la mahakama akawachapa kiboko mbele ya umati. Kosa lao, alivyodai, lilikuwa kuwavunjia heshima wanawake wa Kizungu waliokuwa wamepanda gari hilo. Afisa wa serikali alijaribu kumzuia, hakusikizwa. Mahali palichaguliwa kwa makusudi: nje ya mahakama, si ndani. Ujumbe ulikuwa kwa hakimu kama ulivyokuwa kwa Waafrika, kwamba hukumu ya kweli hutolewa uwanjani na mwenye nguvu. Grogan alifungwa mwezi mmoja. Wenye kusifu "haki ya umati" wangejikumbusha nani aliyeitangulia katika jiji hili.

Kutoka hapo mpaka kwenye simu ya mkononi si mbali. Kwa miaka kadhaa, aibu iliyopangwa vizuri zaidi Nairobi ilikuwa ya mikopo ya simu. Ulipopakua programu, iliomba ruhusa ya kusoma majina na nambari ulizohifadhi. Uliruhusu, kwa kuwa bila hivyo mkopo hautoki. Ukakopa Sh3,000 za siku 14. Siku ya 15 mkusanyaji madeni hakukupigia wewe kwanza. Alimpigia mkubwa wako kazini, mama mkwe, fundi wa sofa uliyemhifadhi mwaka juzi, akiwaambia kwamba umewaweka wadhamini. Hesabu yake ilikuwa rahisi. Ujumbe mfupi hugharimu chini ya bei ya peremende, na hakuna wakili atakayefuatilia Sh3,000. Aibu ilitumika kwa sababu ndiyo iliyokuwa bei nafuu. Mambo ya maadili hayakuwemo.

Kanuni za watoaji mikopo ya kidijitali, zilizotolewa mwezi Machi 2022 chini ya Benki Kuu, zilikataza vitisho, matusi, kuwapigia watu wa kwenye orodha ya simu ya mkopaji, na kuanika taarifa zake kwa nia ya kumwaibisha. Septemba 2023 Kamishna wa Ulinzi wa Data alitoza faini tatu kwa mpigo: kampuni moja ya mikopo Sh2,975,000, kilabu kimoja cha burudani Sh1,850,000 kwa kuweka mtandaoni picha ya mteja bila idhini, na shule moja Sh4,550,000 kwa kuchapisha picha za watoto bila idhini ya wazazi. Upeo wa faini hiyo ni Sh5 milioni au asilimia 1 ya mapato ya mwaka, chochote kilicho kidogo. Hilo neno "kidogo" lisomwe mara mbili. Kwa kampuni changa yenye mapato madogo, faini inaweza kuwa nyepesi kuliko madeni yaliyokusanywa.

Ajabu ni kwamba mbinu hiyo humshinda hata mwenyewe. Aibu hufanya kazi kabla haijatumika. Katika chama cha akina mama kumi wanaochanga Sh1,000 kila Jumamosi, kinachomfanya mtu alete pesa ni kule kuwaza nyuso tisa. Siku jina lake linapotangazwa, zile nyuso tisa zimeshamwona. Hana tena cha kulinda. Hubadilisha laini, huhama kikundi, hukopa kwingine kulipa deni la jana. Wakusanyaji wazoefu wanajua: mdaiwa aliyeumbuliwa kwa watu wote ni mdaiwa aliyepotea. Orodha za CRB, yaani ofisi zinazoweka rekodi za wakopaji, ambazo Wakenya huziogopa kwa haki, zina adabu kuliko mkusanyaji huyo. Tangu 2020 deni la chini ya Sh1,000 haliingizwi, wanaoruhusiwa kuzisoma wanajulikana, na taarifa mbaya huhifadhiwa miaka 5, kisha hutolewa. Zina kuanua.

Kuna usemi ambao katika jiji hili umekoma kuwa usemi. "Kumvua mtu nguo" maana yake ni kumfedhehesha. Mwezi Novemba 2014 video ilisambaa ya mwanamke aliyevuliwa nguo na wanaume kwenye steji katikati ya Nairobi kwa madai kwamba amevaa vibaya. Neno walilolitumia wahuni wa namna hiyo, wakati huo na baadaye, ni kumfunza adabu. Tarehe 17 Novemba mamia ya wanawake na wanaume walikusanyika Uhuru Park wakaandamana. Mwezi uliofuata Bunge liliingiza kifungu cha 251A katika Kanuni ya Adhabu: kumvua mtu nguo kwa nguvu ili kumdhalilisha, kifungo kisichopungua miaka 10. Mwezi Julai 2017 wanaume watatu walihukumiwa kifo katika kesi ya mwanamke aliyevuliwa na kuporwa ndani ya matatu Githurai. Hukumu ya kifo ilitokana na wizi wa mabavu. Ni vyema kulijua hilo: umati unaojiita walimu wa adabu mara nyingi huondoka na simu na pochi.

Miaka 22 kabla ya maandamano hayo, katika bustani hiyo hiyo, nguo zilivuliwa na waliozivaa. Akina mama wa wafungwa wa kisiasa, pamoja na Wangari Maathai, walikuwa wamegoma kula. Tarehe 3 Machi 1992 polisi waliwavamia kwa rungu na gesi ya machozi, na baadhi ya wazee hao wakavua nguo zao mbele ya askari wenye umri wa wanao. Kila askari aliyelelewa nyumbani alijua maana yake. Uchi ulikuwa wao, fedheha ikawa ya waliosimama na rungu. Hakuna mfano bora wa kuonyesha kwamba aibu haina mwelekeo wa asili. Huenda inakosukumwa na yule ambaye watu wanamwona ana haki.

Kwa hiyo silikatai suala zima. Aibu inayopanda juu ni jambo jingine na ile inayoshuka chini. Tarehe 14 Mei 2013 wanaharakati walimwaga damu na kuwaachilia nguruwe nje ya Bunge, wabunge wapya walipokuwa wakidai mishahara mikubwa zaidi. Mwezi Juni 2024, wakati wa maandamano dhidi ya Mswada wa Fedha uliotaka kuongeza kodi, Wakenya wachanga walitoa neno jipya: kusalimia. Nambari ya mbunge ilitumwa mtandaoni, naye "akasalimiwa" kwa maelfu ya simu na jumbe mpaka simu ikazima. Neno hilo lina kejeli tamu ya Kinairobi, kwa maana salamu ndiyo adabu ya kwanza tunayofundishwa, na mheshimiwa alikuwa hajasalimiana na waliompigia kura tangu kampeni.

Nani alipigaje kura juu ya mswada huo tarehe 20 Juni, kura 204 kwa 115, ni rekodi ya Bunge. Kuiweka orodha hiyo kwenye bango, kwenye fulana, kwenye mlango wa kanisa anakochangia, si kuaibisha kwa maana ninayoipinga. Sura ya Sita ya Katiba imeshamwambia kiongozi kwamba mwenendo wake ni mali ya umma. Mwamuzi yupo, ni mpiga kura, na mwisho upo, ni uchaguzi. Nambari ya simu iko mpakani. Shule anakosoma mtoto wake, au duka la mke wake, iko ng'ambo ya mpaka kabisa, na waliozisambaza walikuwa wameacha kumsalimia mbunge wakaanza kumwanika mtoto ambaye hakupiga kura yoyote. Mahakama zenyewe, katika mwongozo wa hukumu uliotolewa mwaka 2016, ziliweka kulaani miongoni mwa malengo sita ya adhabu. Lakini kinacholaaniwa pale ni tendo.

Turudi kwa watu wa kawaida, kwa kuwa huko ndiko makosa hutokea kila siku, na mengi ni ya kiufundi. Jina linalotokea unapotuma M-Pesa ni la aliyesajili laini, ambaye anaweza kuwa kaka aliyekuwa na kitambulisho wakati huo. Laini isiyotumika muda mrefu huuzwa upya, kwa hiyo nambari ya tapeli wa 2019 inaweza kuwa leo kwa mwanafunzi. Picha ya skrini ya mazungumzo hutengenezwa kwa dakika tano: hifadhi nambari ya rafiki kwa jina la adui yako, weka picha yake, andikianeni, piga picha. Video huanza pale ngumi ya pili ilipotua, ya kwanza haimo. Ndiyo maana Sheria ya Ushahidi, kifungu cha 106B, hudai cheti kwa ushahidi wa kielektroniki: nani alinakili, kwa kifaa gani, kifaa kilikuwa kikifanya kazi sawasawa. Mtandao haudai cheti.

Mfano wa heshima kidogo ni yale matangazo ya magazetini: picha ya pasipoti, majina matatu, nambari ya kitambulisho, na sentensi kwamba aliyeonyeshwa hapo si mfanyakazi wetu tena, atakayefanya naye biashara kwa niaba yetu atajilaumu. Kampuni ina sababu halali ya kuwalinda wateja. Lakini aliyeiba na aliyeacha kazi kwa barua nzuri hutangazwa kwa maneno yale yale, na msomaji hujaza pengo mwenyewe: huyu aliiba. Jina, wadhifa na tarehe ya kuondoka vinatosha. Nambari ya kitambulisho haimlindi mteja yeyote.

Aliyeanikwa afanye nini? Kwanza asijibu usiku huo. Ahifadhi chapisho lote pamoja na anwani yake, tarehe, saa na jina la akaunti, maana likifutwa hana kesi. Amwandikie aliyelichapisha akidai lifutwe au lirekebishwe; haki hiyo iko katika kifungu cha 40 cha Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019. Akipuuzwa, malalamiko yaende kwa Kamishna, ambaye sheria inamtaka ayamalize ndani ya siku 90. Kashfa ya jinai haipo tena, kwa kuwa Mahakama Kuu ilifuta kifungu cha 194 mwezi Februari 2017. Kilichobaki ni kesi ya madai, na hiyo ina muda wa miezi 12 tu. Wengi hupotelea hapo, wakingoja aibu ipoe kwanza. Kwa vitisho na usumbufu unaorudiwa upo mkondo wa polisi, kifungu cha 27 cha sheria ya makosa ya mtandao ya 2018.

Na anayedai naye, kwa kuwa deni ni deni? Tangu 2021 Nairobi ina Mahakama ya Madai Madogo, inayosikiliza madai yasiyozidi Sh1 milioni, bila lazima ya wakili, na inatakiwa kuamua ndani ya siku 60. Mwenye ploti ambaye hataki kufika huko ana njia fupi: bahasha chini ya mlango, mara mbili, yenye tarehe. Akishikilia kwamba lazima kuwe na orodha getini, iwe na nambari za nyumba bila majina, iandikwe chini kabisa siku itakapotolewa, na atajwe mtu mwenye kazi ya kuitoa. Mara nyingi hakuna aliyetajwa. Mpangaji hulipa Ijumaa jioni, na karatasi hukaa mpaka Jumatatu kwa sababu ofisi imefungwa na soja anasema hajaambiwa.

Selotepu hubanduka kwa kucha. Lakini orodha hiyo siku hizi hutumwa pia kwenye kikundi cha WhatsApp cha ploti, na huko aliyeituma ana siku 2 na saa 12 za kuifuta kwa wote. Iliyotumwa tarehe 10 asubuhi hufungika tarehe 12 usiku. Mishahara mingi huingia mwisho wa mwezi.